UZI: Kazi ya prodakshen dizaina Mtwara na Lindi, tangu skripti hadi kurudisha nyumba ya watu

#1 Kitangari_Seti

Habari zenu wakuu.

Kila uzi wa filamu ukifunguliwa swali linarudi lile lile: prodakshen dizaina ni nani hasa, na kijana wa huku Kusini aanzie wapi? Majibu yametawanyika, kwa hiyo tuyakusanye hapa. Naanza na mambo ya mezani. Mafundi wa kuta, rangi na nguo mtanipokea.

Jina kwanza. Cheo hiki alipewa kwa mara ya kwanza William Cameron Menzies mwaka 1939, kwa kazi yake kwenye Gone with the Wind. Kabla ya hapo wote walikuwa at dairekta. Tuzo za Oscar nazo zilibadili jina la kipengele cha kazi hii kutoka Art Direction kuwa Production Design mwaka 2012, na mwaka 2019 Hannah Beachler akawa Mmarekani mweusi wa kwanza kukishinda.

Mama akifungua kabati kwenye filamu, kuna mtu aliyeamua kabati lile liwe la mninga au la plaiwudi, bawaba ilie au isilie, na ndani kuwe na vikombe vya bati au vya kauri. Huyo ndiye dizaina. Anakaa na dairekta na DOP (mkuu wa kamera na taa) wanaamua sura ya filamu nzima. At dairekta anasimamia michoro, mafundi na hesabu. Seti dekoreta anajaza vyumba. Mtu wa propsi anashika kila kitu kinachoguswa na mwigizaji. Kwa bajeti zetu watu hawa wanne mara nyingi ni wawili, na si vibaya, ila kila mmoja ajue leo amevaa kofia ipi.

Skripti isome mara tatu. Mara ya kwanza soma kama mtazamaji. Mara ya pili shika kalamu za rangi: rangi moja kwa mahali, nyingine kwa propsi, nyingine kwa nguo, nyingine kwa vitu vinavyoliwa, vinavyovunjika au vinavyoungua. Mara ya tatu hesabu siku za hadithi. Hizi si siku za kupiga picha. Hadithi inaweza kuwa ya siku 9 na ikapigwa kwa siku 20, na maonyesho ya Jumatatu ya hadithi yakapigwa wiki mbili tofauti. Usipoandika namba ya siku ya hadithi pembeni ya kila onyesho, mhusika ataingia na bandeji kabla hajaumia.

Mfano. "Onyesho la 14. Ndani, jikoni kwa bibi, usiku. Bibi anasonga ugali kwa mwanga wa koroboi. Mjukuu anaingia na barua, anajikwaa, chungu kinavunjika." Mistari miwili tu, lakini tazama inachozaa:

Chungu: tegemea marudio 3 ya kuvunjika, kwa hiyo vyungu 4 vinavyofanana kwa umbo na masizi, na ikiwa chungu hicho kinaonekana kizima kwenye onyesho lingine litakalopigwa baadaye, weka cha 5 kando, kisiguswe. Barua: nakala 5, mwandiko mmoja, wino mmoja, mikunjo mahali pamoja. Ugali: pembe 3 za kamera mara marudio 4 ni 12, ongeza 2 za mazoezi, 14. Sufuria ndogo ya nusu kilo ya unga kila rudio, unanunua kilo 7. Koroboi 2 za kufanana, mafuta ya taa lita 2, na ndoo ya mchanga karibu na mlango kwa sababu juu kuna makuti.

Jambo jingine linalookoa pesa kuliko yote ni lenzi. Muulize DOP atatumia lenzi gani, halafu piga hesabu: upana wa sensa (kile kipande ndani ya kamera kinachonasa picha), mara umbali, gawa kwa urefu wa lenzi (ile namba yake ya milimita). Kamera ya Super 35 ina sensa ya karibu milimita 25 kwa upana. Lenzi ya 35 ukisimama mita 3 toka ukutani: 25 mara 3 gawa 35, unaona upana wa mita 2.1. Lenzi ya 50 unaona mita 1.5. Ya 24, mita 3.1. Kwenye picha ya 16 kwa 9, ile mita 2.1 ina kimo cha mita 1.2 tu. Maana yake kuna filamu ambazo watu wamepaka rangi chumba kizima hadi dari, na kamera haikuona hata robo yake. Zile siku mbili za rangi zingetosha kutafuta meza ya kweli.

#2 Chikongola_Juu

Shikamooni wakubwa. Swali: ni bora kutafuta nyumba ya kweli au kujenga seti? Watu wengi huku wanasema kujenga ni kwa wenye hela tu.

#3 Kitangari_Seti

Marahaba. Inategemea unataka nini ukutani. Nyumba ya kweli ina uchakavu ambao fundi atauigiza kwa wiki nzima: alama ya mgongo ukutani nyuma ya benchi, moshi juu ya mlango wa jiko. Tatizo lake ni nafasi. Chumba cha kawaida cha futi 10 kwa 10 ni kama mita 3 kwa 3. Ukiweka kitanda, kamera, mtu wa sauti na taa, dairekta yuko dirishani. Ukiwa na maonyesho mawili mafupi, tumia nyumba. Ukiwa na maonyesho kumi na tano kwenye chumba kimoja, jenga, hata kuta tatu ndani ya ghala. Ghala za korosho zinafaa sana miezi ambayo ziko tupu, dari iko juu na mlango unaingiza lori. Ila mvua ikinyesha juu ya bati hakuna sauti utakayorekodi.

Kabla ya kuichukua nyumba, tazama madirisha yanaelekea wapi. Mtwara ipo karibu nyuzi 10 kusini ya ikweta. Mwezi wa sita jua la adhuhuri liko kaskazini, kwa hiyo dirisha la kaskazini linapata jua na la kusini linabaki na mwanga tulivu siku nzima. Mwezi wa kumi na mbili jua linahamia kusini kidogo ya utosi na hesabu inageuka. Nenda na dira, andika kwenye ramani ya chumba.

#4 FundiPlai

Naomba nichukue ya kujenga. Ukuta bandia mmoja wa futi 8 kwa 4:

Plaiwudi ya milimita 6, shiti moja. Mbao za inchi moja kwa tatu zikisimama kwa ubavu: mbili za futi 8, na mikingamo minne ya futi 4. Gundi ya mbao kwenye kila kiungo, kisha skrubu za inchi moja na robo kila sentimita 20 kuzunguka. Ukuta huo una uzito wa karibu kilo 20, mtu mmoja anaubeba, wawili wanausimamisha. Tumia skrubu, usitumie misumari. Misumari inapasua mbao siku ya kubomoa, na kuta hizi zinatakiwa ziishi filamu nne au tano.

Kuunganisha ukuta na ukuta: boliti tatu za inchi 3 na washa zake, juu, katikati na chini, kupitia mbao zilizosimama kwa ubavu. Nyuma unaweka jaki, yaani pembetatu ya mbao yenye kimo cha theluthi mbili za ukuta na mguu wa sentimita 80, na juu ya mguu mfuko wa mchanga wa kilo 20. Ndani ya ghala jaki moja kwa kila kuta mbili inatosha. Nje, kila ukuta na jaki zake mbili na vigingi ardhini.

Chumba cha mita 4 kwa 5 chenye pande tatu, tuseme mbili za 4 na moja ya 5, ni mita 13. Gawa kwa 1.22, unapata kuta 11. Mlango na dirisha vimo ndani ya hesabu hiyo. Mlango ndio unaosumbua: ukifungwa kwa nguvu ukuta mzima unatikisika na mtazamaji anajua palepale kwamba ni plaiwudi. Fremu ya mlango iwe ya mbili kwa nne, ifungwe na jaki zake peke yake, isitegemee kuta za pembeni.

Maungio kati ya shiti na shiti usiyajaze na puti peke yake, yatapasuka usiku wa kwanza. Bandika utepe wa marikani wa inchi 4 kwa gundi ya mbao iliyozimuliwa kidogo na maji, uache ukauke, kisha ndipo rangi.

Ukuta mmoja wa zile pande tatu uwe wa kuondoka. Unatoa boliti zake, unauvuta nyuma, kamera inaingia. Usiweke kabati zito mbele yake.

Kuhusu miti: kwa nyumba ya udongo tumia mirunda ya mkaratusi. Boriti za mikoko zisikatwe bila kibali cha TFS (wakala wa misitu), hata kama mwenye eneo anakuambia chukua tu.

#5 Binti_Mikindani

Asante kaka FundiPlai. Mimi nataka kuzungumzia kuta za mawe ya matumbawe na chokaa, kwa sababu kila anayekuja kupiga picha Mikindani anazitaka, na wengi wanaziumiza.

Ukuta wa matumbawe unapumua. Unavuta unyevu chini na kuutoa kupitia chokaa. Ukiupaka rangi ya plastiki au ukauziba kwa saruji, unyevu unabaki ndani, chumvi inajikusanya nyuma ya rangi, na baada ya mvua moja au mbili plasta ya zamani inabanduka pamoja na rangi yako. Kwa hiyo kwenye nyumba ya kale rangi pekee ni chokaa iliyolowekwa maji, na hiyo nayo kwa idhini. Msumari hapana. Gundi ya mkanda hapana, inang'oa ngozi ya chokaa. Kitu kikitakiwa kuning'inia ukutani, simamisha nguzo toka sakafuni hadi kwenye boriti, weka kipande cha sponji kila ncha, ning'iniza hapo.

Ukitaka ukuta wa aina hiyo kwenye plaiwudi, uige. Gunia la juti libandikwe kwa gundi ya mbao, liachwe na mikunjo michache ya makusudi. Likishakauka, changanya jipsamu sehemu mbili, maji sehemu moja na unga wa msumeno nusu sehemu. Jipsamu inaganda ndani ya dakika 10 hadi 20, kwa hiyo changanya kwenye ndoo ndogo, kiasi cha mita mraba moja. Kijiko cha siki kwenye ndoo kinakuongezea dakika chache. Paka kwa mkono wenye glavu, kwa unene usiolingana, halafu gandamiza sponji na kipande cha tumbawe sehemu sehemu kabla haijaganda.

Rangi: kwanza nyeupe iliyovunjwa kwa manjano na tone la nyeusi. Ya pili ni maji yenye rangi ya kahawia kidogo sana, yamwagwe kutoka juu yashuke yenyewe, kwa sababu mvua ndivyo inavyochora ukuta: chini ya kingo za madirisha, chini ya mifereji, kwenye pembe. Usichore michirizi kwa brashi, itakaa kama nywele. Sentimita 30 za chini ziwe za kijivu chenye ukijani. Kisha futa kwa kitambaa kikavu sehemu ambazo watu hupitisha mikono: karibu na mlango, kona ya ngazi, usawa wa bega juu ya baraza. Hapo ukuta huwa laini na wenye mafuta kidogo. Sehemu hizo tatu ukizipatia, mengine yote yanaaminika.

#6 Chikongola_Juu

Dada, na kiasi cha rangi unakijuaje?

#7 Binti_Mikindani

Lita moja ya rangi ya maji inafunika kama mita mraba 10 kwenye ukuta laini kwa mkono mmoja (yaani mpako mmoja), na kama 6 au 7 kwenye ukuta wa kukwaruza. Chumba cha mita 4 kwa 5, kimo mita 3: mzunguko ni mita 18, mara 3 ni 54, toa mlango na madirisha kama 6, inabaki 48. Mikono miwili ni 96. Ukuta laini lita 10, wa kukwaruza lita 15. Nunua yote kwa siku moja na uchanganye kwenye pipa moja, kwa sababu ndoo ya pili ikichanganywa kesho rangi haitalingana na kamera itaona.

Chukua rangi isiyong'aa. Inayong'aa inarudisha taa zote machoni. Na usipake nyeupe kabisa. Mwigizaji wa ngozi nyeusi mbele ya ukuta mweupe unampa DOP mtihani: akiokoa uso ukuta unaungua kwa weupe, akiokoa ukuta uso unazama. Rangi ya chai ya maziwa, kijani kilichokoza, bluu ya zamani au udongo inafanya uso utoke. Pwani kuna unyevu, ukuta uliopakwa jioni asubuhi bado unametameta. Maliza siku mbili kabla.

#8 MsasaNamba80

Nguo na vitu vidogo naviweka mimi.

Nguo mpya kwenye filamu inapiga kelele. Kwa pamba: fua mara tano au sita kwa sabuni, anika juani. Halafu chai. Gramu 50 za majani kwa lita 5 za maji yanayochemka, chuja, loweka dakika 20 hadi 30, suuza. Jaribu kwanza kipande cha pindo. Poliesta haishiki chai, usipoteze muda, tafuta mtumba uliochoka wenyewe. Kisha msasa namba 80 kwenye kola, viwiko, magoti na pindo la chini, mahali ambapo mwili unasugua. Watu wanakosea kwa kuchakaza nguo yote sawasawa. Shati la mkulima limepauka mabegani na mgongoni kwa jua, kwapani limebaki na rangi yake.

Kanga. Tafadhali soma jina la kanga kabla hujamvika mwigizaji. Hadhira yetu inasoma. Mama mkwe mpole akivaa kanga yenye jina la kijembe, nusu ya ukumbi wanaanza kutafuta ugomvi ambao skripti haina. Na kanga ni bahati kwa idara yetu, kwa sababu doti inakupa vipande viwili vinavyofanana: kimoja kisafi, kimoja cha tope. Kwa mhusika mkuu nunua doti mbili. Kanga yenye nukta ndogo ndogo zilizobanana inacheza kwenye kamera, ipige kwa simu ukiwa mita 3, ikitetemeka iache.

Vumbi nalo lina kwao. Udongo wa uwanda wa Makonde kule Newala na Tandahimba ni mwekundu. Mchanga wa Mtwara mjini na Mikindani umepauka. Ikiwa mhusika ameshuka basi kutoka Newala na onyesho linapigwa Mtwara mjini, leta magunia mawili ya udongo mwekundu, chekecha kwa chekecheo la unga, paka viatu, pindo la suruali na mizigo. Usitumie saruji kama vumbi, inaunguza macho na ngozi.

Gunia la korosho la mbebaji lisijazwe pumba tupu. Mwigizaji atalibeba kama mto. Weka kilo 15 hadi 20 ndani, zilizobaki pumba, shingo na magoti yatafanya kazi yenyewe.

#9 Nachi_Reli

Wakuu, nauliza kuhusu filamu za zamani. Kuna skripti ya Nachingwea, miaka ya mwanzo ya 70, wakati wapiganaji wa FRELIMO, wale wa ukombozi wa Msumbiji, wanafundishwa kule. Vitu gani vinaharibu?

#10 Kitangari_Seti

Swali zuri sana. Anza na kuondoa, kuongeza kuje baadaye. Simama pale kamera itakaposimama, piga picha, zungushia duara kila kisichokuwepo: bodaboda, mnara wa simu, dishi, bati za msauzi za rangi, kiti cha plastiki, taa za sola, mita ya Luku, chupa za maji za plastiki, mabango ya mitandao ya simu. Bati za rangi ndizo ngumu kuliko zote kwa sababu huwezi kuzihamisha. Shusha kamera, funika kwa tawi la mwembe mbele, au chagua upande wenye makuti.

Kisha sarafu na majina. Shilingi ya Tanzania ilianza 1966, ikachukua nafasi ya shilingi ya Afrika Mashariki. Jina Tanzania lenyewe ni la 1964. Kwa hiyo barua ya 1962 inaandikwa Tanganyika, na noti ya Tanzania ikionekana kwenye hadithi ya 1960 umeshapotea. Mkoa wa Lindi ulimegwa kutoka Mtwara mwaka 1971: ofisi ya 1970 yenye kibao "Mkoa wa Lindi" ni kosa. Reli ya mradi wa karanga, uliodumu 1947 hadi 1951, ilifungwa 1962, usipitishe treni Nachingwea mwaka 1972.

Na usidhani miaka ya karibu ni rahisi. Mifuko ya rambo ilipigwa marufuku tarehe 1 Juni 2019. Hadithi ya 2015 bila rambo sokoni haijakamilika, ya mwaka huu yenye rambo ni kosa.

Kosa lingine: kila kitu kuwa cha mwaka mmoja. Nyumba ya 1972 ina redio ya 1968, kitanda cha 1950 alichoacha babu na kalenda ya mwaka jana ambayo imebakizwa kwa sababu ya picha yake.

#11 Ngalawa_Shangani

Bahari hamjaigusa, na bila bahari filamu ya huku haijakamilika.

Maji yanajaa na kupwa kwa takriban saa 6 na dakika 12, na kila siku yanachelewa kama dakika 50. Ukipiga mtumbwi ukielea saa 4 asubuhi leo, kesho maji yale yale utayapata karibu saa 5. Onyesho la siku tatu ufukweni lisipopangwa kwa jedwali la maji, mtumbwi utaelea kwenye pembe moja na kukaa kwenye tope kwenye pembe nyingine. Wakati wa bamvua (maji makubwa ya mwezi mwandamo na mwezi mpevu) tofauti ya kujaa na kupwa inapita mita 3. Ukitaka maji yanayobadilika polepole, panga siku za maji mafu, ambapo tofauti hiyo ni ndogo. Seti ya ufukweni ijengwe juu ya mstari wa takataka za bamvua la mwisho. Ule mstari wa mwani mkavu ulioachwa na maji ya jana na leo usiuamini, bamvua likija litapanda juu zaidi.

Upepo. Kusi linavuma kuanzia karibu mwezi wa nne hadi wa kumi, kaskazi kuanzia Desemba hadi Machi. Ukuta wa FundiPlai una mita mraba 3, nje huo ni tanga kamili. Laza kuta chini usiku, usiache zimesimama.

Chumvi inakula skrubu za kawaida. Propsi ya chuma ipakwe mafuta kila jioni, la sivyo panga lililong'aa Jumatatu lina kutu Alhamisi na kontinyuiti (vitu kubaki vilevile toka picha hadi picha) imekufa.

Mabibo na korosho mtini mnavipata kuanzia Septemba au Oktoba hadi Desemba. Mwongozaji akitaka mavuno mwezi wa tano, mwambie mapema haiwezekani.

#12 MsasaNamba80

Niongeze hapo kwenye usafiri. Msitegemee kuagiza kila kitu Dar. Mei 2024 mvua za kimbunga Hidaya zilikata barabara ya Dar kwenda Lindi na Mtwara. Propsi za mhusika mkuu ziwe mkononi wiki moja kabla ya siku ya kwanza.

#13 Nachi_Reli

Na vitu vya unyago na mapiko, ile ngoma ya barakoa ya Wamakonde? Maana skripti ina ngoma.

#14 Binti_Mikindani

Kaka, hapo pole pole. Barakoa ya lipiko ina wenyewe, na vitu vya ndani ya unyago vina somo anayevitunza. Si mapambo ya kupachika ukutani nyuma ya sofa. Kaa na kungwi au wazee wa ngoma kabla ya mchoro wa kwanza, waulize kipi kinaonyeshwa hadharani na kipi hapana, na wakisema hapana, mwongozaji abadili pembe ya kamera. Mlango uliofungwa na sauti za ndani unatosha kabisa. Kwa barakoa, agiza mpya kwa mchongaji kwa ajili ya filamu, mpe wiki tatu au nne, na umwambie wazi inakwenda kufanya nini.

#15 FundiPlai

Naunga mkono. Ila kwa vinyago vya sebuleni msiogope kutumia mti mwepesi uliopakwa rangi. Mpingo una uzito mkubwa, ukianguka kwenye mguu wa mwigizaji shughuli imeisha.

#16 Binti_Mikindani

Sikubaliani na kupaka rangi kama kinyago kiko karibu na kamera. Mpingo una mng'ao wa mafuta na mistari ya kahawia pembeni, rangi nyeusi inakuwa kama lami. Cha karibu kiwe cha kweli, cha mbali kiwe chako.

#17 Chikongola_Juu

Nimeelewa. Sasa vibali na shule, na mtu analipwaje?

#18 Kitangari_Seti

Kibali cha kupiga filamu kinatoka Bodi ya Filamu, chini ya sheria Na. 4 ya 1976. Halafu barua kwa halmashauri na serikali ya mtaa au kijiji. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yako kwenye orodha ya Urithi wa Dunia tangu 1981 na yanasimamiwa na TAWA (mamlaka ya wanyamapori), unaomba kwao, na kila kitu kinavuka kwa boti kutoka Kilwa Masoko, kwa hiyo seti yako iwe ya vipande vya kubebwa na watu wawili. Droni ina kibali chake TCAA (mamlaka ya usafiri wa anga). Sare za polisi au jeshi na bunduki bandia usizitoe nje kabla ya ruhusa ya maandishi. Noti usichapishe. Weka noti halisi juu na chini ya bunda, katikati karatasi zilizokatwa, na uzihesabu kila baada ya "kata".

Shule: TaSUBa (chuo cha sanaa) Bagamoyo na idara ya sanaa UDSM (Chuo Kikuu cha Dar es Salaam) zinakupa msingi wa jukwaa, uchoraji na maigizo. Lakini useremala, cherehani na rangi ukijifunza kwa fundi wa hapa Mtwara utakuwa umetangulia wengi. Ngazi ya kawaida: msaidizi wa propsi, mnunuzi, seti dekoreta, at dairekta, kisha dizaina. Jifunze kuchora ramani ya chumba kwa kipimo cha 1 kwa 50, kwa mkono inatosha. Programu za kompyuta zinasaidia, lakini fundi atasoma karatasi.

Malipo: mkataba utenganishe ujira wako na fedha za seti. Vikiwa fungu moja, kila kiti utakachonunua kinatoka kwenye chakula cha watoto wako. Omba nusu ya ujira kabla ya ujenzi, na fedha za seti zote kabla ya kununua ubao wa kwanza. Weka akiba ya asilimia 10 ya bajeti ya seti, na risiti zote kwenye bahasha kwa namba za maonyesho.

Jalada lako la kazi liwe na picha tatu kwa kila seti: mahali palivyokuwa, palivyopambwa, na fremu yenyewe ya filamu. Picha ya filamu peke yake haimwonyeshi mtu ulichofanya.

#19 Nachi_Reli

Shukrani wakuu. La mwisho: kontinyuiti mnaitunzaje bila mtu maalumu?

#20 MsasaNamba80

Simu. Kila onyesho likiisha, kabla mtu hajagusa kitu, picha za pembe nne za chumba, kisha ya meza kutoka juu, kisha ya kila mwigizaji mbele na nyuma, huku karatasi yenye namba ya onyesho na siku ya hadithi ikiwa ndani ya picha. Saa ya ukutani itolewe betri na mishale iwekwe kwa mkono. Mshumaa upimwe kwa rula. Glasi ya juisi itiwe alama ya kalamu upande usioonekana. Propsi za kila mhusika kwenye ndoo yake yenye jina.

#21 Kitangari_Seti

Na kurudisha nyumba, maana nimeiweka kwenye kichwa cha uzi na nusura niisahau.

Siku ya kupokea nyumba, piga picha kila ukuta, kila kitu na kila ufa, mwenye nyumba akiwepo. Chapisha, sainini wote wawili, muachie nakala. Vitu vyake vyote vipakiwe kwenye maboksi yenye orodha na vikae chumba kimoja kinachofungwa, ufunguo abaki nao yeye. Kwenye ratiba weka siku nzima ya kurudisha, na fedha za rangi ya kurudishia zitengwe toka mwanzo, kwa sababu siku hiyo prodyuza huwa ameshaondoka na basi la asubuhi. Muulize mama mwenye nyumba kama anataka rangi yake ya zamani au hii mpya. Wengi wanataka mpya. Hata hivyo uliza, na jibu liandikwe kwenye ile karatasi mliyosaini.